Kucheza, Kuchezeshwa, Kuchezewa: Papitou wa Sinema Bubu na Swali la Ngoma Nchini Burundi

Ikisiri

Makala haya yanahakiki filamu ya Kifaransa La Sirène des tropiques (1927), ambamo Josephine Baker ni Papitou, msichana wa visiwani anayezamia meli hadi Ufaransa na kupata umaarufu kwa kucheza dansi. Ni rahisi kuisoma filamu hiyo kama kisa cha msichana anayejikomboa kwa mwili wake. Kwa kutumia mnyambuliko wa kitenzi cha Kiswahili cheza, makala yanaonyesha kwamba uhuru wa Papitou ni nusu uhuru: anacheza, lakini maneno yanayoamua maana ya mchezo wake ni ya wengine. Hoja hiyo inalinganishwa na historia ya wanawake wa Afrika Mashariki walioshika vyote viwili, mchezo na neno, kisha inaelekezwa kwenye amri ya Oktoba 2017 inayowazuia wanawake wa Burundi kupiga ngoma huku ikiwaruhusu kucheza. Makala yanahitimisha kwa mapendekezo kuhusu sera ya urithi na uwekaji wa maelezo ya Kiswahili katika filamu za kumbukumbu.

1.0 Utangulizi

Mwaka 1927 Usumbura, mji tunaouita leo Bujumbura, ulikuwa makao ya utawala wa Kibelgiji wa Ruanda-Urundi, nchi ambayo miaka miwili kabla ilikuwa imeunganishwa kiutawala na Kongo ya Kibelgiji. Mwaka huohuo, huko Ufaransa, waongozaji Henri Étiévant na Mario Nalpas walitoa filamu La Sirène des tropiques, kutokana na hadithi ya mwandishi Maurice Dekobra. Jina hilo tunaweza kulitafsiri Nguva wa Nchi za Joto. Mchezaji wake mkuu alikuwa Josephine Baker, Mmarekani mweusi aliyezaliwa St. Louis mwaka 1906, aliyefika Paris mwaka 1925 na onyesho la La Revue nègre na kuushangaza mji mzima kwa dansi yake.

Sababu ya kuileta filamu hiyo mbele ya wataalamu wa Kiswahili, tena kwa jicho la mtu anayeishi na kufanya kazi Bujumbura, si kwamba ilipigwa huku wala kwamba inasimulia habari zetu. Haifanyi hata moja kati ya hayo. Sababu ni kwamba inatupa, katika sura iliyo safi kabisa, swali ambalo kanda yetu bado haijalijibu: mwanamke anapopewa nafasi ya kucheza bila kupewa nafasi ya kusema, je, amepewa uhuru? Katika sinema bubu swali hilo linaonekana kwa macho, kwa kuwa chombo chenyewe kilitenga mwili na sauti. Katika sera za urithi linafichika zaidi, kwa kuwa huvikwa nguo za mila na heshima.

Neno sinema bubu lenyewe linahitaji tahadhari. Bubu ni mtu asiyeweza kusema. Sinema ya miaka ya 1920 haikuwa na sauti ndani ya ukanda wa filamu, lakini ukumbini palikuwa na wapiga muziki, na skrini ilikuwa ikikatizwa kila mara na vibao vya maandishi. Kwa hiyo palikuwa na maneno. Waliokuwa bubu ni watu walioonekana, na si sinema. Tofauti hiyo ndiyo msingi wa makala haya.

2.0 Kitenzi cheza kama kipimo cha uhakiki

Lugha zinazotawala uhakiki wa filamu ulimwenguni hutenganisha mambo ambayo Kiswahili huyaweka pamoja. Kwa Kiswahili mtoto anacheza mpira, binti anacheza dansi, na mwigizaji naye anacheza filamu. Tukisema Josephine Baker amecheza katika La Sirène des tropiques, tumesema mambo mawili kwa pumzi moja: ameigiza, na amecheza dansi. Mtu anaweza kuuona huo kuwa upungufu wa msamiati. Mimi nauona kuwa uangalifu. Lugha inatulazimisha kuuliza ni wapi uigizaji unakoma na dansi inaanza, na hilo ndilo swali lenyewe la filamu hii.

Mnyambuliko wa kitenzi hicho unatupa kipimo cha ngazi tatu. Kucheza ni tendo la mwenye mwili: yeye ndiye kiini cha kitenzi. Kuchezeshwa ni kuwa na mwingine anayekufanya ucheze, kwa wakati na namna anayoitaka yeye. Kuchezewa ni kufanywa kitu cha mchezo, na mara nyingi, kama katika kuchezewa shere, ni kudhihakiwa au kutumiwa. Ngazi hizo hazifuatani kwa utaratibu wa saa. Katika tukio moja mtu anaweza kuwa katika zote tatu, na ustadi wa mhakiki ni kuzitambua zinapopishana.

Kuna pia methali isemayo: Mcheza kwao hutunzwa. Kutunza katika uwanja wa ngoma ni kumpa mchezaji zawadi, fedha au kanga, mbele ya watu. Katika maisha ya kila siku ni kumlinda mtu na kumwangalia hali yake. Methali inabeba maana zote mbili: anayecheza kwao hupewa tuzo na hulindwa, kwa kuwa watazamaji ni watu wake, wanaomjua jina na ukoo. Je, anayecheza ugenini? Methali imenyamaza hapo, na Papitou ndiye anayeingia katika ukimya huo.

3.0 Papitou katika ngazi tatu

Hadithi ya filamu kwa ufupi ni hii. Marquis Sévéro, bwana mwenye cheo na mali, anamtamani Denise, binti yake wa ubatizo, ambaye anapendana na mhandisi kijana, André Berval. Ili kumwondoa njiani, anamtuma André katika nchi ya kubuni ya Karibi na kumwagiza Alvarez, msimamizi wake wa huko, ahakikishe kijana harudi. Kule André anamwokoa Papitou kutoka mikononi mwa Alvarez, na Papitou anampenda. André anaporudi Ufaransa, Papitou anazamia meli na kumfuata. Anafika, anagunduliwa kuwa mchezaji hodari, anakuwa nyota wa ukumbi wa burudani. Mwishoni, katika pambano la bastola baina ya Sévéro na André, ni Papitou anayempiga risasi Sévéro na kuyaokoa maisha ya mpenzi wake. Kisha anajiondoa ili André amuoe Denise.

Tukianza na ngazi ya kucheza, hakuna ubishi kwamba filamu inampa Papitou uhuru wa mwendo ambao haimpi mhusika mwingine yeyote. Watu wa tabaka la Sévéro husimama, huketi, huingia na kutoka mlangoni. Papitou anakimbia, anaruka, anapanda, anazamia. Uamuzi mkubwa kuliko yote katika hadithi, ule wa kuvuka bahari bila ruhusa ya mtu, ni wake peke yake. Na anapocheza dansi, waongozaji hawana budi kumwachia nafasi. Magoti yanakwenda upande huu, uso upande ule. Macho yanakengezwa kwa mzaha. Mwili unajidhihaki kabla mtazamaji hajapata wasaa wa kuudhihaki. Huo ni mtindo ambao Baker alikuwa ameujenga jukwaani, naye aliuleta mbele ya kamera akiwa bwana wa kila kiungo. Katika dakika hizo anayecheza ni Josephine Baker kuliko Papitou. Uigizaji umekoma, dansi imeanza, na hadithi ya Dekobra imesimama pembeni kungoja.

Lakini mara tu dansi inapoingia jukwaani, ngazi ya pili inaanza kazi. Papitou anachezeshwa. Jukwaa si lake, mavazi si yake, tiketi haziuzwi kwa faida yake, na nia inayomfikisha pale si ya sanaa: filamu inasisitiza kwamba anacheza ili ampate André. Kwa maneno mengine, hadithi inakataa kukubali kwamba msichana huyu angeweza kucheza kwa sababu anapenda kucheza. Inamtafutia sababu, na sababu hiyo ni mwanamume. Hapo ndipo msomaji anayeiona filamu kama kisa cha ukombozi anapopaswa kusita. Mwili unasema jambo moja, mpango wa hadithi unasema jingine, na mpango wa hadithi ndio unaopewa neno la mwisho.

Ngazi ya tatu inajitokeza waziwazi melini. Katika kukimbia wasimkamate, Papitou anaangukia makaa ya mawe na kutoka mweusi ti. Kisha anaangukia unga na kutoka mweupe pe. Watazamaji wa wakati ule walitarajiwa kucheka, na bila shaka walicheka. Mzaha huo hauhusu jambo lolote alilofanya Papitou. Unahusu rangi yake, ambayo kamera inaichukua, inaipaka na kuipangusa ipendavyo. Mzamiaji ambaye dakika chache kabla alikuwa ameushinda mpaka wa bahari sasa amefanywa kitu cha mchezo. Amechezewa.

Mwisho wa filamu unaunganisha ngazi zote tatu. Papitou ndiye mwenye nguvu kuliko wote uwanjani: ndiye anayeona hatari, ndiye anayefyatua risasi, ndiye anayeamua nani aishi. Lakini tunda la tendo lake linakwenda kwa Denise. Amecheza ugenini na ameshangiliwa. Tuzo kapewa, hakutunzwa.

4.0 Nani anaandika vibao?

Mtu anaweza kupinga kwamba sinema bubu ilimfaa Baker kuliko ambavyo ingemfaa sinema yenye sauti. Alikuwa mgeni katika lugha ya Kifaransa. Dansi haikudai sarufi. Hoja hii ina uzito. Alipoingia katika filamu zenye sauti alipata nafasi ya kuimba, lakini katika Zouzou (1934) wimbo wake maarufu anauimba akiwa ndani ya tundu kama ndege. Sauti peke yake haivunji tundu. Hata hivyo hoja hiyo inasahau kwamba Papitou wa 1927 hakuachwa katika ukimya. Alisemewa. Kila mara vibao vya maandishi vilipoingia skrini, Kifaransa cha wengine kilieleza anachofikiri, anachotaka na kiasi gani ni mjinga au mwema. Mtazamaji alipewa mwili kutoka kwa Baker na maana kutoka kwa mwandishi.

Utaratibu huo wa kutenga picha na neno haukubaki Ulaya. Kati ya 1935 na 1937 mradi wa majaribio wa filamu za elimu kwa Waafrika uliendeshwa kutoka Vugiri, milimani Usambara, Tanganyika. Ulitengeneza filamu 35. Picha zilipigwa bila sauti, na maelezo yakawekwa kwenye santuri au kusomwa papo hapo kwa kipaza sauti, ili picha zilezile ziweze kutumika katika lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwamo. Kwa upande wa ufundi ulikuwa werevu wa kubana matumizi. Kwa upande wa maana, watu wetu waliingia katika sinema wakiwa miili inayosubiri maelezo. Aliyeshika kipaza sauti ndiye aliyejua wanachofanya.

Kanda yetu imelijibu jambo hilo kwa njia yake. Dar es Salaam ilimpata Lufufu, aliyezisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili cha mtaani na kuzifanya mali ya watazamaji wake. Kampala ina wasimulizi wake, na Kigali ina filamu zinazoitwa agasobanuye, yaani zilizofafanuliwa. Wasimulizi hao hawakufasiri tu. Walijibizana na filamu, waliicheka, waliipa majina mapya. Walitambua, bila kungoja nadharia, kwamba mwenye neno ndiye mwenye picha. Jambo la kuzingatia ni kwamba walioshika kipaza sauti wamekuwa hasa wanaume. Neno limetoka kwa mkoloni na kufika mtaani, lakini safari yake kuelekea kwa mwanamke anayeonekana kwenye skrini bado ni ndefu.

5.0 Walioshika mchezo na neno

Ili tusidhani kwamba mtengano huo ni jambo la kawaida, tuangalie pwani yetu katika miaka ileile. Mwaka 1928, yaani mwaka mmoja baada ya La Sirène des tropiques, Siti binti Saad wa Zanzibar alisafiri hadi Bombay kurekodi nyimbo za taarabu kwa Kiswahili katika kampuni ya His Master's Voice. Alizaliwa Fumba katika familia maskini yenye asili ya utumwa, na hakuwa msichana tena alipovuka bahari. Lakini alivuka, kama Papitou, na alivuka kwa sababu ya kipaji. Teknolojia ya santuri ilifanya kinyume cha ile ya sinema bubu: ilichukua sauti na kuuacha mwili. Wasikilizaji waliopata kumsikia bila kumwona walikutana naye kupitia maneno aliyoyatamka mwenyewe, kwa lugha yao, yakihusu mambo waliyoyajua: mapenzi, dhuluma, mahakama, fedha. Baker alipewa mwili bila neno. Siti alipata neno bila mwili. Miaka michache baada ya kifo chake mwaka 1950, wasifu wake ulioandikwa na Shaaban Robert ulitoka kitabuni, na hadi leo jina lake halihitaji utangulizi kwa mzungumzaji wa Kiswahili. Nadhani tofauti hiyo haitokani na bahati.

Mombasa nako wanawake walikuwa na vyama vya lelemama, miongoni mwao Ibinaal Watan na Banu Saada. Ndani ya vyama hivyo, wanawake wenyewe ndio walioongoza, waliopeana vyeo, walioshindana kwa mavazi na karamu, na zaidi ya yote walioimba. Wimbo wa lelemama uliweza kumsifu mtu, na uliweza pia kumfichua mwenye kosa mbele ya jamii nzima. Wazao wa watumwa na wazao wa waungwana walipambana humo kwa hadhi. Hatupaswi kuipamba historia hii kupita kiasi: ubaguzi wa nasaba haukufutika, na gharama za mashindano ziliwaumiza baadhi yao. Lakini mchezaji wa lelemama hakuwa akisubiri kibao cha maandishi. Hatua ya mguu na neno la wimbo vilitoka kwa watu walewale.

Ndiyo maana neno ngoma katika Kiswahili lina upana wake. Ngoma ni chombo, ni mchezo, ni wimbo, na ni hafla yenyewe. Mtu huenda ngomani kama aendavyo sokoni. Upana huo una elimu ndani yake: unatuambia kwamba chombo, mwili, neno na mkusanyiko wa watu ni kitu kimoja. Ukikata kimoja, kilichobaki ni maonyesho, si ngoma.

6.0 Burundi: kucheza bila kuvuza

Kirundi ni ndugu wa Kiswahili, na neno ingoma lina upana wake pia, ingawa umeelekea upande mwingine. Ingoma ni chombo, na ni ufalme. Ngoma takatifu ya Karyenda ilikuwa alama ya mamlaka ya mwami, na patakatifu pa Gishora karibu na Gitega bado panatunza kumbukumbu hiyo. Mwezi Novemba 2014 UNESCO iliiingiza ngoma ya kifalme ya Burundi katika orodha ya urithi usioshikika wa binadamu. Burundi nzima ilifurahi, na kwa haki.

Oktoba 2017 ilitolewa amri ya rais kuhusu ngoma hiyo. Iliweka masharti juu ya maonyesho, ikayafungamanisha na hafla rasmi na vibali. Pia ilikataza watu wa jinsia ya kike kupiga ngoma, ikiwaruhusu kucheza ngoma za kike za kimila sambamba na wapigaji. Hoja ya wanaoitetea inaeleweka: kupiga ngoma ya kifalme kulikuwa kazi ya koo maalumu za wanaume, na chombo kilichokuwa kitakatifu kilikuwa kimeanza kugeuzwa pambo la harusi na matangazo ya biashara. Hofu ya urithi kuuzwa rejareja si ya kubezwa, na aliyeona ngoma zikikodiwa kama viti vya plastiki anaielewa.

Lakini tukiitazama amri hiyo kwa kipimo cha Papitou, jambo moja linajitokeza. Katika Kirundi kucheza ngoma ni gutamba, na kupiga ngoma ni kuvuza ingoma. Kuvuga ni kusema au kutoa sauti. Kuvuza ni kufanya kitu kiseme. Mti unaochongwa ngoma unaitwa umuvugangoma. Kwa hiyo lugha yenyewe inamweka mpigaji katika nafasi ya msemaji: ndiye anayeipa ngoma kauli. Amri inayosema mwanamke acheze lakini asipige inasema, kwa Kirundi chenyewe, mwanamke atambe lakini asivuze. Aonekane, asisemeshe. Bila kukusudia, imerudia mgawanyo wa sinema bubu: mwili huku, kauli kule.

Tena mila inayotajwa kuwa kinga ya katazo hilo haiko kimya kama inavyodhaniwa. Karyenda alikuwa na Mukakaryenda, mwanamke aliyewekwa wakfu kwa ajili yake; hapakuwa na ngoma ya kifalme isiyo na mwanamke wake. Sehemu za ngoma zina majina ya mwili na malezi ya mama: amabere ni matiti, umukondo ni kitovu, urugori ni taji la uzazi, icahi ni ngozi ya kubebea mtoto. Hoja hizi hazithibitishi kwamba wanawake wa zamani walipiga ngoma mbele ya mwami, na mtafiti mwaminifu hatazipeleka huko. Zinathibitisha jambo dogo zaidi lakini zito: kwamba chombo kilichojengwa kwa majina ya mwili wa mama hakiwezi kuitwa kigeni kwa mikono yake. Wanawake wa Burundi pia wana sanaa ya sauti iliyo yao, akazehe, salamu za kuimbiana ambazo sauti mbili zinapokezana kwa ustadi unaohitaji masikio makini. Hawakuwahi kuwa bubu. Kabla ya 2017 baadhi ya vikundi vya wanawake vilikuwa vimekwishaanza kupiga ngoma, na havikungoja kuhalalishwa na mhakiki. Walichofanya ni kucheza, kwa maana ya ngazi ya kwanza. Amri iliwarudisha katika ngazi ya pili.

7.0 Hitimisho na mapendekezo

Hoja ya makala haya ni moja: uhuru unaopatikana kwa kucheza ni uhuru kamili pale tu mchezaji anapokuwa na sehemu katika maneno yanayoeleza mchezo wake. Papitou alikosa sehemu hiyo, na ndiyo maana filamu inaweza kumshangilia kwa saa nzima na kumwacha mikono mitupu. Mwaka 2021 Ufaransa ilimwingiza Josephine Baker katika Panthéon, miaka 46 baada ya kifo chake. Ni heshima kubwa, lakini vibao vya 1927 bado vinasema vilichosema.

Kwa wanaoshauri watunga sera napendekeza mambo matatu. La kwanza linahusu kumbukumbu. Makumbusho ya Tervuren nchini Ubelgiji na hifadhi nyingine za Ulaya zina filamu nyingi za enzi za ukoloni zilizopigwa bila sauti katika nchi zetu, zikiwamo picha za wanawake wakicheza. Filamu hizo zinapogeuzwa kuwa za kidijitali na nakala zake kurudi, zitahitaji maelezo, na katika kanda yetu Kiswahili ni mojawapo ya lugha zitakazotumika. Tusikubali kibao kipya kinachosema ngoma za wenyeji na kuishia hapo. Maelezo yataje jina la ngoma kwa lugha ya wenyewe, hafla, mahali, na pale inapowezekana jina la mchezaji; na wazee wa kike waitwe kuzitazama na kusema kabla fomu haijajazwa, maana wengi wao hawatakuwapo kungoja mradi wa awamu ya pili.

La pili linahusu istilahi, na linawahusu wanaosanifu msamiati, Kamisheni ya Kiswahili ya Afrika Mashariki ikiwa mstari wa mbele. Kamusi za sanaa zisiupunguze upana wa ngoma ili ulingane na maneno ya lugha nyingine. Vilevile maneno kama gutamba, kuvuza na akazehe yanastahili kuingia katika maelezo ya Kiswahili kwa majina yao, kama Kiswahili kilivyopokea mengi kutoka kwa majirani zake. Mzungumzaji wa Kiswahili wa Buyenzi, aliyekulia kati ya lugha hizi mbili, hataona ugeni wowote.

La tatu linahusu amri ya 2017. Masharti yake dhidi ya biashara holela ya ngoma yanaweza kubaki bila katazo dhidi ya wanawake; mambo hayo mawili hayategemeani. Ulinzi wa kitu kitakatifu hauhitaji kumnyamazisha nusu ya taifa linalokimiliki. Serikali itakapoipitia upya amri hiyo, iwaite mezani watimbo wa Gishora pamoja na wanawake waliowahi kushika mirisho ya ngoma, wakae na kuzungumza kama watu wa urithi mmoja.

Mcheza kwao hutunzwa. Wanawake wa Burundi wako kwao. Haifai wacheze hapa kama Papitou alivyocheza Paris, wakishangiliwa kwa miguu yao huku kauli ya ngoma ikiwa mikononi mwa wengine.